Wapathani si Bani Israili

Kila ijulikanapo kwamba nimejishughulisha na tarikhi ya Khorasani na Bara Hindi, hapakosi mtu wa kunisogelea, akashusha sauti kama mwenye kufichua siri ya dola, akaniuliza kama si kweli kwamba Wapathani, watu wa mpakani mwa Afghanistan na Pakistani, ni mabaki ya yale makabila kumi ya Israeli yaliyopotea; na kwa kuwa swali hilo nimelijibu kwa mdomo hata ulimi umechoka, nimeona afadhali nilijibu kwa kalamu, ili yule ajaye apewe makala hii na mimi niachwe ninywe kahawa yangu.

Wauliza swali aghalabu huja na hoja mbili dhaifu na moja yenye kustahili jibu. Ya kwanza ni sura, yaani pua na ndevu, nayo siijibu. Ya pili ni majina: wanasema, mbona kuna kabila la Yusufzai, na Musa Khel, na milima ya Sulaiman? Lakini kama jina la Yusufu au la Musa ni ithibati ya Uyahudi, basi nusu ya watu wa Lamu na Pemba wangalikuwa na haki ya kudai shamba Yerusalemu. Mwislamu humwita mwanawe kwa jina la nabii popote alipo, na mwana akizaa ukoo, ukoo huchukua jina lake.

Hoja ya tatu ni kitabu. Yapata mwaka 1613, katika baraza la Mfalme Jahangir wa Mughal, Ni'matullah wa Herat alikusanya tarikhi ya Waafghani, jina la kale la Wapathani, kwa himaya ya amiri Khan Jahan Lodi, na humo akawapa Wapathani babu mkuu, naye ni Talut, yule Sauli wa Biblia, mfalme wa kwanza wa Bani Israili. Talut ana mjukuu aitwaye Afghana. Kizazi cha Afghana kinahamishwa na Nebukadreza na kufikia milima ya Ghor. Na mtu wa 37 katika silsila hiyo, jina lake Qais, anakwenda Madina, anasilimu mbele ya Mtume, anaitwa Abdur Rashid, kisha anarejea kwao kuzaa Sarban, Bait na Gharghasht, ambao kwao makabila yametoka.

Hikaya hii haihitaji adui, kwa maana yajibomoa yenyewe. Talut alikuwa mtu wa kabila la Binyamini, na Binyamini si miongoni mwa yale kumi: kumi hayo yalikuwa ya dola ya kaskazini, iliyoangushwa na Waashuru mwaka 722 kabla ya kuzaliwa Nabii Isa, ilhali Binyamini alibaki kusini pamoja na Yuda. Mwenye kukishika kitabu, basi, ni lazima ayaache makabila yaliyopotea, na mwenye kuyashika makabila ni lazima akitupe kitabu. Walakini wauliza swali wangu huvibeba vyote viwili kwa furaha. Fauka ya hayo, Biblia, ambayo imewataja wana wa Talut kwa majina yao, haimjui Afghana hata kidogo. Na hesabu nayo? Baina ya Talut na Qais pana miaka ipatayo 1600, na kuigawanya kwa watu 37 ni kutaka kila mmoja wao, baba baada ya baba, amzae mrithi wake akiwa amekwisha pita miaka 40, jambo ambalo sijaliona katika ukoo wowote wa watu wenye kuoa mapema.

Lugha yao pia yakataa. Kipashto ni ndugu wa Kiajemi, katika tawi la mashariki la lugha za Kiirani, wala hakina udugu na Kiebrania. Maneno yake ya Kiarabu yaliingia pamoja na dini, kama yalivyoingia kwetu. Biruni, aliyeandika katika karne ya 11, awataja Waafghani katika milima ya magharibi ya India, na Israeli haimo katika maneno yake. Na wapimao damu wameona kwamba nasaba ya kiume iliyo nyingi miongoni mwa Wapathani ni ile ile iliyotapakaa Asia ya Kati na kaskazini ya Bara Hindi.

Mbona basi kitabu kikaandikwa? Walodi, Wapathani wa kaumu ya huyo Khan Jahan, walitawala Delhi tangu 1451 hata Babur, mwasisi wa dola ya Mughal, alipowashinda Panipat mwaka 1526. Sher Shah Suri, Mpathani mwingine, akamfukuza Humayun, mwana wa Babur, mwaka 1540, na baada ya miaka 15 Wamughal wakarudi. Amiri wa kaumu iliyoshindwa, aketiye baina ya Waturuki wenye kujinasibisha na Timur na Waajemi wenye wafalme wa kale, alihitaji babu wa kuwazidi wote, naye akampata katika Qurani. Sisi wa pwani, tuliolelewa na habari za Washirazi na majahazi saba, hatuna budi kuielewa haja hiyo. Na mzaha wa jambo hili ni kwamba, kwa mujibu wa nasaba hiyo hiyo, Walodi na Waghilzai hawatokani na mwana wa kiume wa Bait bali na binti yake, Bibi Mato, aliyezaa na mgeni wa Ghor. Na Waafridi, Wakhattak na Wawaziri wanatokana na Karlan, mtoto aliyeokotwa akalelewa. Watu washikao nasaba ya baba kwa ukali usio mfano wamekiri, katika shajara yao wenyewe, kwamba mlango wake uliwahi kufunguliwa.

Hapo ndipo ilipo maana ya shajara, ambayo muulizaji haiulizi kamwe. Nasaba kwa Mpathani ni sheria ya mali na ya vita. Yusufzai wa bonde la Swat waligawana ardhi kwa utaratibu unaonasibishwa na Shaikh Malli wa karne ya 16, uitwao wesh, ambao kwao koo nzima zilihama bonde hadi bonde baada ya miaka kadhaa, ili asiwepo wa kukaa daima penye maji na mwingine daima penye mawe. Fungu la mtu lilifuata mahali pake katika shajara. Asiyekuwamo hakuwa na fungu wala sauti katika jirga, yaani baraza la kabila, bali alikaa kwa hisani ya mwenye ardhi. Na kwa kuwa warithi wa babu mmoja ndio wagombeao shamba moja, neno tarbur, lenye maana ya mwana wa ami, hutumika pia kwa hasimu.

Basi, kwa haraka: aliye Muscat au Dubai akutanapo na dereva wa Kipathani amwulize kabila lake na khel yake, yaani ukoo wake, naye atajibiwa kwa mapana. Mwenye kununua kipimo cha damu ili atafute Yerusalemu abaki na fedha yake. Msomaji wa Kiingereza aanze na Elphinstone wa 1815, aje kwa Caroe wa 1958 na Barth wa 1959, na Ni'matullah amsome kama shahidi wa baraza la Jahangir, si wa zama za Talut. Na mwenye kuuliza kwa nini nchi ya Wapathani haikutulia autazame mpaka wa Durand wa 1893, uliowapasua pande mbili, na kanuni ya Waingereza ya 1901, ambayo kwayo kabila zima liliweza kuadhibiwa kwa kosa la mtu mmoja, nayo ikaendelea chini ya Pakistani hata maeneo ya makabila yalipounganishwa na mkoa wa Khyber Pakhtunkhwa mwaka 2018. Mambo hayo yana hati, na hati zake zasomeka.