Kesi Iliyolala: Nani Aulizwe Kabla Haijatupwa?

Kuna kesi za madai zinazofunguliwa kisha zikalala. Nchini Kenya, Amri ya 17 ya Kanuni za Mashauri ya Madai za 2010 inasema mwaka mmoja ukipita bila upande wowote kuchukua hatua, mahakama yaweza kuwapa wahusika ilani waje kueleza kwa nini kesi isitupiliwe mbali. Marekebisho ya 2020 yakaongeza makali: miaka miwili ikipita kimya, kesi huhesabiwa kuwa imekwisha kutupwa. Kanuni ile ya kwanza naitetea. Hii ya pili naiona ya hatari, kwani yaweza kumwadhibu mtu ambaye hakuulizwa neno.

Aliyelala mara nyingi siye mwenye kesi. Chukua faili ya abiria aliyevunjika mguu katika ajali ya matatu: hati ya madai, fomu ya P3, risiti za hospitali zilizoanza kufifia wino, kisha ukurasa wa maagizo wenye mstari mmoja tu, kwamba tarehe itatolewa na masijala. Baada ya hapo, kurasa tupu. Labda wakili alihama ofisi, labda faili haikuonekana siku alipokwenda kuomba tarehe, labda hakimu alipewa uhamisho. Abiria yuko kwao, anaamini kesi inaendelea. Madai ya majeraha yana ukomo wa miaka mitatu, kwa hiyo akija kushtuka, hata mlango wa kufungua kesi mpya huenda umeshafungwa.

Watetezi wa kanuni hii ya pili watauliza: na mdaiwa je? Swali hilo ni zito. Mashahidi hufa, wengine husahau, na Ibara ya 159 ya Katiba yenyewe inakataza haki kucheleweshwa. Lakini mahakama zetu zina kipimo tangu zamani, kile cha kesi ya Ivita dhidi ya Kyumbu: je, ucheleweshaji ni wa muda mrefu usio na udhuru, na kama ndivyo, haki bado yaweza kutendeka? Maswali hayo hujibiwa na watu waliosikilizwa. Kalenda peke yake haiwezi. Wataongeza kwamba kanuni inamruhusu mhusika kurudi mahakamani baada ya kesi kutupwa. Naam, lakini asiyejua kwamba imetupwa ataombaje irudishwe? Tena njia ya kumfikia ipo. Marekebisho hayo hayo ya 2020 yaliruhusu hati za mahakama kupelekwa kwa barua pepe na kwa programu za ujumbe za simu. Basi ilani imfuate mdai mwenyewe kwenye simu yake, si wakili wake peke yake. Akiipata na bado anyamaze, kesi itupwe, naye mdaiwa aachiwe aendelee na maisha yake.