Mpishi Anayevaa Nguo za Mtumwa

Kusini mwa Marekani, Mwaka Mpya hauingii bila kunde. Katika nyumba nyingi za Wamarekani Weusi, Januari 1 hupikwa kunde na wali, chakula wanachokiita Hoppin' John, na pembeni huwekwa majani ya jamii ya sukuma wiki, yaliyochemshwa taratibu na kipande cha nyama ya nguruwe ya kukaushwa kwa moshi. Kunde ni sarafu, majani ni noti: anayekula siku hiyo anajiombea riziki ya mwaka mzima. Mchuzi wa majani nao haumwagwi. Huchovewa mkate wa mahindi, au hunywewa kikombeni.

Kunde na bamia asili yake ni Afrika, na zilifika huko katika enzi za biashara ya utumwa. Michael Twitty, mpishi na mwanahistoria wa chakula aliyezaliwa mwaka 1977, ameamua kuisimulia habari hiyo kwa mwili wake. Huenda kwenye mashamba yaliyolimwa na watumwa, akavaa mavazi ya zama hizo, akashughulika na kuni na maji, kisha akapika mbele ya wageni. Hakuna swichi wala bomba. Kuna chungu cha chuma cha miguu mitatu, makaa yanayosogezwa kwa koleo, na moshi unaomchoma macho. Mgeni aliyekuja kutazama nguzo nyeupe za nyumba ya bwana anajikuta amesimama jikoni.

Na jikoni ndiko kwenye kisa. Mwaka 1784 Thomas Jefferson, aliyekuja kuwa rais wa Marekani, alimchukua mtumwa wake James Hemings hadi Paris akajifunze upishi wa Kifaransa. Hemings alipata uhuru mwaka 1796, lakini kwanza ilimbidi amfundishe kazi ndugu yake, Peter, abaki mahali pake. Huyo walau jina lake tunalijua! Wengi walipikia karamu za mabwana, wao wenyewe wakila posho ya unga wa mahindi na nyama ya chumvi, wakiongezea samaki wa mtoni, mboga za bustani nyuma ya kibanda na viazi vitamu vilivyofukiwa majivuni.

Wapo wanaouliza: Mtu Mweusi avae tena nguo hizo kwa hiari yake? Swali ni la haki. Mimi naona Twitty amefanya sawa. Katika majimbo mengi ya Kusini sheria ilikataza watumwa kufundishwa kusoma, kwa hiyo elimu ya upishi ilikaa mikononi, si vitabuni. Moto uwe mkali kiasi gani, bamia itiwe lini isije ikavurugika, hayo hayaelezeki kwenye kibao cha makumbusho. Lazima mtu apike.

Kitabu chake, The Cooking Gene, kilitoka mwaka 2017, na mwaka uliofuata kikapata tuzo ya Kitabu cha Mwaka ya James Beard. Humo anaifuata nasaba yake kwa nyaraka, vipimo vya vinasaba na vyakula. Twitty pia ni Myahudi kwa dini, na meza yake ya Pasaka huchanganya urithi wote huo bila kuomba radhi.

Huku kwetu nako, wanaotunza kumbukumbu za utumwa Bagamoyo na Mkunazini, Zanzibar, wangefanya vyema kuwaalika wapishi pia, si waongoza watalii peke yao.