Mafuta yapo, vyombo viko wapi? Hali ya ambalaje katika Kongo yetu

Katika 2 Wafalme sura ya 4 tunamkuta mjane mwenye deni. Mdai amekuja kuwachukua watoto wake wawili, na nyumbani hana kitu ila chupa ya mafuta. Nabii Elisha anamtuma kwa majirani kuazima vyombo vitupu, na anamwonya asiazime vichache. Mafuta yakamiminika mpaka vyombo vyote vikajaa. Mama alipoomba chombo kingine, mwanawe akamjibu kwamba vimekwisha, na papo hapo mafuta yakakoma.

Tumehubiri habari hii mara nyingi tukisifu imani ya yule mama. Siku hizi tunaisoma tukiwa pia na swali la sokoni, kwa maana mafuta yake yalikoma siku vyombo vilipoisha. Hiyo ndiyo hali ya wamama wengi katika makanisa yetu ya mashariki. Mawese yapo, asali ipo, karanga na kahawa zipo. Kinachokosekana ni kitu cha kuvitia ndani ili vifike sokoni vikiwa safi.

Katika kanisa moja tunalolifahamu, komiti ya wamama ilianza kusaga karanga na kuziuza. Waliokota vikopo vya mayonezi iliyotoka nje, wakaviosha na kuvibandua etiketi. Washirika walinunua kwa furaha. Lakini walipopeleka kwenye duka la mjini, mwenye duka aliwarudisha: kifuniko hakifungi vizuri, hakuna tarehe, hakuna jina la aliyetengeneza. Wakatafuta vikopo vipya. Vilitoka Kampala, na ukijumlisha safari na duwane, kikopo kitupu kilikaribia bei ya karanga zilizomo. Baada ya miezi michache kazi ikasimama. Mashine ya kusagia bado iko pale, imefunikwa kikwembe.

Ndiyo sababu tunaandika juu ya ambalaje, yaani sashe, chupa, bidoni, gunia, kartoni, kopo na kila kinachobeba bidhaa. Mambo yake ni mawili. Ambalaje tunazozihitaji hatuzitengenezi, na zile tunazozipata hatujui tuzipeleke wapi zikiisha kazi.

Zinatoka wapi?

Viwanda vingi vya plastiki vya nchi yetu viko Kinshasa, na vingine Lubumbashi. Sisi wa mashariki hatuna barabara nzuri ya kutuunganisha na Kinshasa. Kwa hiyo bidhaa zetu nyingi, pamoja na ambalaje zake, zinapitia Mombasa au Dar es Salaam, kisha zinaingia kwa Kasindi, Goma, Bukavu au Uvira. Hata kiwanda cha Kinshasa kinachotengeneza chupa kinaagiza nje zile punje za plastiki zinazoyeyushwa, kwa kuwa plastiki inatokana na mafuta ya petroli na gesi, nasi hatuna viwanda vya kuyageuza.

Chupa za kioo nazo zina ugumu wake. Kioo kinataka mchanga na soda, na tanuri la joto la karibu digrii 1500, linalowaka usiku na mchana. Mahali umeme unapokatika kila jioni, tanuri la namna hiyo haliwezi kuishi. Kartoni na karatasi nazo nyingi zinatoka nje, ingawa tumezungukwa na misitu.

Habari ya kopo la tomati inauma zaidi. Kopo hilo ni chuma kilichopakwa bati nyembamba ili kisishike kutu na kuharibu chakula. Bati hiyo inatokana na kasiterite, jiwe lile linalochimbwa Walikale, Maniema na Tanganyika. Kasiterite inaondoka kwetu ikiwa ndani ya magunia. Sehemu ya bati ya dunia inarudi katika maduka ikiwa imezunguka chakula cha watu wengine, nasi tunainunua kwa franka zetu.

Haikuwa hivi siku zote. Wakati wa ukoloni, wazee wetu walilimishwa mmea wa urena, ambao nyuzi zake zilitumiwa kusuka magunia. Kilimo hicho kilikuwa na machozi yake, maana wengi walilima kwa kulazimishwa. Lakini kinatuonyesha kwamba udongo wetu unaweza kutoa gunia. Leo kahawa ya Kivu, inayosifiwa mbali, inasafiri katika magunia yaliyoagizwa kutoka nje.

Amri ya 2017

Tarehe 30 Desemba 2017 serikali ilitia sahihi dekreti namba 17/018. Inakataza kutengeneza, kuingiza, kuuza na kutumia mifuko, sashe na ambalaje nyingine za plastiki. Nyuma yake kuna Katiba ya 2006, ambayo kifungu chake cha 53 kinampa kila mtu haki ya kuishi katika mazingira safi, na pia wajibu wa kuyalinda. Kuna tena sheria ya Julai 2011 juu ya kulinda mazingira.

Kila mmoja wetu anayeenda sokoni anajua dekreti hiyo imefika wapi. Maharagi yanafungwa katika sashe, sukari katika sashe, maji ya kunywa katika sashe, na hata ile pombe kali inayoharibu vijana wetu inauzwa katika sashe ndogo inayoingia mfukoni bila mzazi kuiona.

Kwa nini amri haikushika? Wengine wanasema watu wetu hawana utii. Lakini majirani zetu wa Rwanda walikataza mifuko ya plastiki tangu 2008, na Wakongo walewale wakivuka mpaka wanaacha sashe zao bila kelele. Kwa hiyo tusiseme ni damu yetu. Tunaona sababu tatu. Ya kwanza, mama anayeuza unga wa franka 500 hakupewa kitu kingine cha kufungia kinacholingana na bei hiyo. Ya pili, mipaka yetu ni mirefu, na sashe ni nyepesi, rahisi kufichwa. Ya tatu, amri ilianguka juu ya mikono ya wanyonge: ni rahisi kumnyang'anya mama wa sokoni sashe zake kuliko kumfuata tajiri anayeziingiza kwa malori. Palipo na vita, swali la sashe linasahaulika kabisa.

Takataka zikifika kwenye turbini

Wandugu wa Bukavu wanajua mwisho wa sashe. Mji umejengwa juu ya vilima. Mvua ikinyesha, inazoa yote yaliyotupwa katika mifereji na kuyashusha katika ziwa Kivu. Ziwa lina mlango mmoja wa kutokea, nao ni mto Ruzizi, palepale Bukavu. Na kwenye mto huo kuna baraji ya Ruzizi I, inayofanya kazi tangu mwisho wa miaka ya 1950, kisha Ruzizi II, inayotumiwa na nchi tatu: Kongo, Rwanda na Burundi.

Chupa na sashe zinaelea mpaka kwenye baraji, zinajikusanya mbele yake, nyingine zinazama na kuziba njia ya maji. Maji yakipungua, turbini inapunguza nguvu au inasimamishwa. Wafanyakazi wanachota takataka juu ya maji, na wapiga mbizi wanashuka chini kutoa zilizoziba. Ni kazi ya hatari, nayo haina mwisho, kwa kuwa mvua ya kesho inaleta nyingine.

Tufuate njia hiyo tena polepole. Mtu ananunua kitu sokoni, anatupa sashe katika mfereji. Jioni nyumba yake haina taa, hospitali inawasha jenereta, fundi wa kuchomelea anafunga atelie. Na yule ambaye angetaka kufungua kiwanda kidogo cha vikopo, umeme wake ni uleule wa Ruzizi. Ukosefu wa vyombo na wingi wa takataka vimeshikana mikono. Zile zisizobaki kwenye baraji zinaendelea kushuka hadi Uvira, katika ziwa Tanganyika, ambalo tunalishiriki na Burundi, Tanzania na Zambia.

Plastiki si moja

Wengi wanatuambia: tukusanye, tuuze, plastiki itageuzwa. Ni neno zuri, lakini tulielewe vizuri. Watafiti waliohesabu takataka zote za plastiki za dunia mpaka mwaka 2015 walikuta kwamba asilimia 9 tu ndiyo iliyogeuzwa kuwa kitu kingine. Ikiwa nchi tajiri zinashindwa, tusidhani fagio la Jumamosi linatosha.

Geuza chombo cha plastiki uangalie chini yake: mara nyingi utaona alama ya pembe tatu yenye namba. Namba 1 ni chupa za maji na soda. Hizo zina wanunuzi, hasa Kinshasa ambako kuna viwanda vinavyozisaga. Namba 2 ni bidoni ngumu. Namba 5 ni magunia yaliyosukwa na viti. Hizi pia zinaweza kuyeyushwa. Namba 6 ni sahani nyeupe nyepesi za sherehe, na karibu hakuna anayezitaka. Mbaya zaidi ni zile sashe zinazong'aa za sabuni ya unga na maziwa. Ni tabaka kadhaa zilizogandishwa pamoja, mara nyingi na aluminiamu ndani, na kuzitenganisha ni kazi kubwa kuliko faida yake. Kwa hizo, dawa ni kutozinunua pale tunapoweza.

Neno moja kwa wamama: tusiwashe makala kwa sashe. Moshi wake una sumu, na anayeuvuta kwanza ni mama na mtoto aliye mgongoni. Na bidoni iliyobeba dawa za shamba au petroli isitiwe kamwe mafuta ya kula wala maji ya kunywa, hata ikioshwa mara kumi.

Tunayoyajua tayari

Hatuanzi na mikono mitupu. Nani hajui vidanji? Ukitaka soda ya chupa ya kioo, unapeleka chupa tupu au unaacha pesa. Kwa sababu hiyo huoni chupa hizo katika mfereji. Mtoto akiiona moja, anaiokota kama anayeokota franka. Kampuni inaiosha na kuijaza tena, mara nyingi. Hakuna aliyewahubiria watu juu ya mazingira. Chupa ilipewa thamani, nayo ikarudi. Serikali ingeweza kuweka jambo hilohilo kwa chupa za plastiki, na anayeziuza ashiriki gharama ya kuzirudisha.

Bidoni ya njano ni ushuhuda mwingine. Ilikuja na mafuta ya kupikia, leo inachota maji, kesho itakatwa kuwa beseni. Chikwange inafungwa katika majani, na majani yake yanarudi kuwa udongo. Jibini ya Masisi inafika Goma katika maganda yake yenyewe. Bukavu kuna vijana wanaookota plastiki ya ziwani na kusuka vitunga. Hizi ni kazi ndogo, hazitamaliza shida, lakini zimetoka katika mikono yetu.

Kanisa lifanye nini?

Tuanze kwa kukiri. Katika mkutano mmoja mkubwa tulioutayarisha sisi wenyewe, kila mgeni alipewa chupa ya maji kila siku na sahani ya kutupa. Siku ya mwisho vijana walifagia, wakamwaga yote katika bonde nyuma ya kanisa. Tulikuwa tumehubiri juu ya uumbaji asubuhi ileile. Usiku mvua ikanyesha, na asubuhi bonde lilikuwa safi. Hakuna aliyeuliza takataka zimeenda wapi.

Kwa hiyo tunapendekeza mambo machache ambayo kanisa la mahali linaweza kuyaanza bila kungoja msaada. Mikutano yetu itumie matanki ya maji yaliyochemshwa na vikombe vya kuosha. Kila komiti ya wamama iwe na sahani zake. Vijana wachimbe shimo la takataka zinazooza, na waweke gunia la chupa namba 1 mbali na nyingine, ili mnunuzi akipatikana azikute safi.

La pili ni juu ya vyombo. Komiti moja ikinunua vikopo 50, inalipa bei ya kuumia. Makanisa 20 yakiagiza pamoja, bei inashuka na safari inagawanywa. Na kikopo cha kioo kiuzwe kwa mtindo wa vidanji: mshirika akimaliza karanga, anarudisha kikopo Jumapili na kununua tena kwa bei ndogo. Sisi tunakutana kila juma mahali pamoja. Maduka makubwa ya mjini hayana nafasi hiyo.

La tatu, wale wetu wanaofanya kazi katika duwane, katika ofisi za serikali au katika biashara ya malori wakumbuke kwamba dekreti ya 2017 bado ipo. Mkristo anayepokea bahasha ili sashe zipite anauza giza kwa watoto wa Bukavu.

Katika Yohana sura ya 6, watu elfu tano walipokwisha kushiba, Bwana Yesu aliwaagiza wanafunzi wakusanye mabaki, kitu kisipotee. Yeye aliyeweza kuumba mkate tena kesho yake hakuacha vipande majanini. Wakajaza vikapu 12. Tunamwomba Mungu awape wamama wetu vyombo vya kutosha, na atupe sisi wote mikono ya kukusanya. Ile mashine iliyofunikwa kikwembe bado inaweza kusaga.