Muundi na Kifundo cha Mguu: Jua Kinachouma Kabla ya Kulipia Tiba

Mtu anapoumia mguu chini ya goti, aghalabu anayemfikia kwanza si tabibu bali ni muuzaji. Mmoja humletea dawa ya kuchua, mwingine bandeji, mwingine vidonge, na jirani humwelekeza kwa mkandaji. Baadhi ya huduma hizo zina faida. Nyingine ni hasara ya fedha tu. Na chache huweza kumpotezea mgonjwa mguu, ama kwa kumdhuru moja kwa moja, ama kwa kumchelewesha. Makala haya yanaeleza jinsi misuli ya muundi na kifundo ilivyoumbwa, kazi zake na majeraha yake, ili mtumiaji aweze kutambua lini atajihudumia nyumbani na lini anapaswa kwenda hospitali bila kukawia.

Jinsi sehemu hii ilivyoumbwa

Kati ya goti na kifundo mna mifupa miwili. Mkubwa ni mfupa wa muundi, ambao makali yake huguswa kwa urahisi mbele ya mguu, kwa kuwa hapo umefunikwa na ngozi tu. Mwembamba uko upande wa nje. Ncha za chini za mifupa hiyo ndizo nundu mbili zinazotokeza kila upande wa kifundo.

Misuli imepangwa katika vyumba vinne, na kila chumba kimezungukwa na utando mgumu usiotanuka kwa urahisi. Misuli ya chumba cha mbele huinua wayo na vidole. Ikidhoofika, ncha ya mguu huburuta na mtu hujikwaa hata penye sakafu laini. Misuli ya chumba cha nje hugeuza wayo kuelekea nje na kuuzuia usipinduke penye mashimo na mawe. Nyuma mna vyumba viwili. Cha juu kina misuli minene ya shavu la mguu, ambayo huungana na kuwa kano ya kisigino, iliyo nene na imara kuliko kano zote za mwili. Hiyo ndiyo inayotusukuma mbele tunapotembea na kutuinua tunaposimama kwa ncha za vidole. Chumba cha ndani kabisa kina misuli inayokunja vidole na kushikilia upinde wa wayo.

Kifundo chenyewe kina nyama kidogo sana. Kinachopita hapo ni kano zitokazo kwenye misuli ya juu, pamoja na ligamenti, yaani nyuzi ngumu zinazofunga mfupa kwa mfupa. Kwa hiyo ulinzi wa kifundo hutegemea nguvu ya misuli iliyo mbali nacho kidogo. Misuli hiyo ikilegea, kifundo huteguka mara kwa mara.

Kuteguka kifundo

Hili ndilo jeraha la kawaida kuliko mengine. Wayo hupinduka kuelekea ndani, na ligamenti za upande wa nje huvutika au kuchanika. Kifundo huvimba, na siku zifuatazo ngozi hubadilika rangi. Mifano ni mingi: mchezaji mpira aliyetua vibaya, abiria aliyeshuka kwenye bodaboda kabla haijasimama, mpishi aliyekosea ngazi.

Swali linalogusa mfuko wa mtumiaji ni iwapo eksirei inahitajika. Mwaka 1992 madaktari wa Ottawa, Kanada, walichapisha kanuni fupi ambazo sasa hutumika katika nchi nyingi. Kwa mujibu wa kanuni hizo, mtu mwenye maumivu ya kifundo apigwe picha ikiwa kuna mojawapo ya dalili hizi:

- Mfupa unauma ukibonyezwa kwenye ncha au ukingo wa nyuma wa mojawapo ya nundu za kifundo.
- Mgonjwa hakuweza kutembea hatua nne mara baada ya kuumia, na bado hawezi anapochunguzwa.

Picha ya wayo huhitajika pia iwapo kuna maumivu katikati ya wayo, na mfupa unauma ukibonyezwa upande wa ndani wa sehemu hiyo, au upande wa nje kwenye shina la mfupa unaoelekea kidole kidogo. Pasipo dalili hizo, uwezekano wa kuvunjika ni mdogo sana. Hata hivyo kanuni hizi hazimfai mtoto mdogo, mtu aliyelewa, wala mtu aliyepoteza hisia miguuni, kama inavyowatokea baadhi ya wagonjwa wa kisukari. Hao wachunguzwe kwa tahadhari zaidi.

Kwa mteguko usio na dalili za kuvunjika, huduma ya nyumbani haina gharama kubwa. Pumzisha mguu kwa siku mbili au tatu. Weka barafu iliyofungwa katika kitambaa kwa dakika 15 hadi 20, mara kadhaa kwa siku. Funga bandeji ya kuvutika bila kuikaza mno, na uinue mguu juu ya mto. Katika siku hizo za mwanzo usikande kwa nguvu wala kuchomea maji ya moto, kwani uvimbe huweza kuongezeka.

Baada ya hapo, mguu usiachwe umelala. Chezesha kifundo kila upande, kisha nyanyua visigino polepole ukishika meza, kisha simama kwa mguu mmoja. Mazoezi haya, ambayo hayauzwi dukani, ndiyo yanayopunguza uwezekano wa kuteguka tena.

Maumivu ya muundi

Mtu anayeanza kukimbia au kufanya gwaride kwa ghafla huweza kupata maumivu kwenye ukingo wa ndani wa mfupa wa muundi. Maumivu yakienea kwa urefu wa vidole kadhaa, chanzo chake aghalabu ni kuelemewa kwa mfupa na misuli iliyoshikamana nao, na dawa kuu ni kupunguza mazoezi kisha kuyaongeza hatua kwa hatua. Bali maumivu yakiwa katika nukta moja inayoweza kufunikwa kwa ncha ya kidole, na yakaendelea hata wakati wa kupumzika, huenda mfupa umepata ufa. Hapo uchunguzi wa daktari ni wa lazima, ingawa eksirei ya mwanzo huweza isiuoneshe ufa huo.

Kano ya kisigino na dawa unazonunua

Kano hii ikikatika, wengi husikia mlio na kuhisi kana kwamba wamepigwa teke kwa nyuma. Mgonjwa hawezi kusimama kwa ncha za vidole vya mguu huo, ingawa pengine anaweza kutembea kwa kuchechemea. Hilo la mwisho huwadanganya wengi wakadhani ni mteguko. Kipimo ni chepesi: mgonjwa alale kifudifudi, nyayo zikining'inia nje ya kitanda, kisha shavu la mguu libinywe. Wayo usipocheza, aende hospitali siku hiyohiyo.

Ipo sababu moja ambayo wanunuzi wengi hawaijui. Dawa za kuua bakteria za kundi la fluorokwinoloni huweza kusababisha kano kuvimba au kukatika, hasa kano ya kisigino. Inayojulikana zaidi ni siprofloksasini, ambayo kwenye pakiti huandikwa ciprofloxacin. Mwaka 2008 mamlaka ya dawa ya Marekani iliagiza onyo hilo liwekwe katika maelezo ya dawa hizo, ndani ya kisanduku cha maonyo makali. Hatari ni kubwa zaidi kwa wenye umri wa zaidi ya miaka 60, kwa wanaotumia dawa za steroidi, na kwa waliopandikizwa figo, moyo au mapafu. Usinunue dawa hizi bila cheti cha daktari. Ukizitumia na kisigino kikaanza kuuma, pumzisha mguu na umwone daktari mara moja.

Dalili zisizosubiri

Damu na uvimbe vikijaa ndani ya chumba kimoja cha misuli, shinikizo huzuia damu kupita, na misuli huanza kufa katika muda wa saa chache. Hali hii hufuata kuvunjika kwa mfupa, kubanwa na kitu kizito, au kufungwa banzi, plasta au bandeji iliyokazwa mno. Dalili zake ni maumivu makali kupita ukubwa wa jeraha, yanayozidi vidole vikinyooshwa na mtu mwingine. Muundi kuwa mgumu. Na vidole kufa ganzi. Legeza kilichofungwa na wahi hospitali. Tiba yake ni upasuaji wa kufungua utando.

Hatari ya pili ni damu kuganda katika mshipa wa ndani wa shavu la mguu. Mguu mmoja huvimba, huwa na joto na huuma, hasa baada ya safari ndefu, upasuaji, uzazi au kukaa na plasta. Mguu wa namna hiyo usikandwe kamwe, kwani bonge la damu huweza kung'oka na kwenda mapafuni. Kifua kikibana au pumzi ikikatika, hiyo ni dharura.

Unapotoa fedha

Parasetamoli hutosha kwa maumivu mengi; mtu mzima asizidishe gramu 4 kwa saa 24. Ibuprofeni na diklofenaki hazimfai mwenye vidonda vya tumbo au maradhi ya figo, na mjamzito asizitumie bila ushauri wa daktari.

Viatu vinunuliwe jioni, miguu ikiwa imetanuka kidogo. Acha nafasi ya upana wa kidole gumba mbele ya vidole. Kiatu kizuri hukunjika penye vidole, si katikati, nacho hushika kisigino bila kupwaya. Ukinunua cha mtumba, kiweke juu ya meza na ukitazame kwa nyuma: kilicholika upande mmoja kitaupindua mguu wako kama kilivyompindua mwenyewe wa kwanza.

Kabla ya kulipia huduma yoyote, uliza:

- Ni sehemu gani iliyoumia: mfupa, msuli, kano au ligamenti?
- Picha au sindano hii itabadilisha nini katika tiba yangu?
- Je, anayenihudumia amesajiliwa kufanya kazi hii?
- Ni dalili gani zikitokea nirudi upesi?
- Bei yote ni kiasi gani, nami nitapewa stakabadhi?

Mtoa huduma mwaminifu hatachukizwa na maswali haya. Asiyeweza kuyajibu, hasa lile la kwanza, hajastahili bado kulipwa.