Mchezo Ambao Dodoma Haikuusikia

Julai 1993, Radio Tanzania Dar es Salaam ilianza kurusha mchezo mpya wa kuigiza ulioitwa Twende na Wakati. Ulisikika mara mbili kwa wiki, nusu saa kila mara, saa kumi na mbili na nusu jioni, wakati watu wengi wamekwisha kurudi kutoka shambani na kazini. Vituo saba vya Tanzania Bara viliurusha. Kituo cha Dodoma hakikuurusha. Saa hiyo ilipofika, wasikilizaji wa Dodoma na maeneo ya jirani walipata vipindi vingine vya kituo chao, na hali ikaendelea hivyo kwa miaka miwili.

Mitambo haikuwa na hitilafu. Dodoma iliachwa makusudi, kwa sababu watafiti walitaka kujibu swali ambalo serikali, mashirika na watangazaji wamekuwa wakilijibu kwa kukisia tangu redio ilipoanza: je, kipindi cha redio kinaweza kubadilisha maisha ya watu, na tutajuaje?

Swali hili ni gumu kuliko linavyoonekana. Tuseme mwanamke amekuwa akisikiliza mchezo unaozungumzia uzazi wa mpango, na baada ya miezi michache anakwenda kliniki kuomba vidonge. Je, mchezo ndio uliompeleka? Huenda muuguzi alipita kijijini kwao. Huenda dada yake alimshauri. Huenda alikwisha kuamua tangu alipojifungua mara ya mwisho. Isitoshe, mwenye redio hafanani na asiye nayo. Aghalabu ana kipato zaidi kidogo, amesoma zaidi, na anaishi karibu na mji na zahanati. Ukiwalinganisha wasikilizaji na wasiosikiliza wa eneo lilelile bila kuzingatia hayo, unaweza kuisifu redio kwa kazi iliyofanywa na shule.

Mkulima anayetaka kujua kama mbolea inafaa huacha matuta machache bila mbolea, kisha akasubiri mavuno. Watafiti wa Twende na Wakati walifanya hivyohivyo na eneo zima la matangazo. Mmoja wa viongozi wao alikuwa Everett Rogers, Mmarekani aliyezaliwa Iowa mwaka 1931 na kulelewa katika familia ya wakulima. Kitabu chake cha mwaka 1962 kuhusu namna mambo mapya yanavyoenea katika jamii ni miongoni mwa vitabu vinavyotajwa zaidi katika taaluma ya mawasiliano. Alifanya kazi pamoja na Peter Vaughan, Arvind Singhal na Mtanzania Ramadhan Swalehe, ambaye kikosi chake cha utafiti kilikuwa Arusha.

Mchezo wenyewe ulikuwa na nasaba ndefu. Mwaka 1969 televisheni ya Peru ilianza kuonyesha tamthilia ya Simplemente María, kisa cha msichana mtumishi wa ndani anayejifunza kusoma na kushona hadi akajikwamua. Mauzo ya cherehani yaliongezeka popote tamthilia hiyo ilipoonyeshwa katika Amerika ya Kusini. Mtunzi wa Mexico, Miguel Sabido, akajiuliza: ikiwa hadithi inaweza kufanya hivyo bila kukusudia, itafanya nini ikikusudia? Akaisoma nadharia ya mwanasaikolojia Albert Bandura, aliyeonyesha kwamba binadamu hujifunza mengi kwa kuwatazama wenzake wakitenda na kuona yanayowapata. Kutokana na hayo Sabido akaunda kanuni ya utunzi yenye wahusika wa aina tatu: mwema wa kuigwa, mbaya wa kuepukwa, na yule wa katikati anayeyumba, anayekosea, na anayebadilika polepole. Huyu wa tatu ndiye muhimu kuliko wote, kwa maana ndiye anayefanana na msikilizaji. Kanuni hiyo ilifika Kenya mwaka 1987 katika tamthilia ya televisheni Tushauriane na mchezo wa redio Ushikwapo Shikamana, kisha ikafika Tanzania.

Mkwaju ndiye alikuwa mbaya. Dereva wa lori, mlevi, mwenye wapenzi katika kila kituo cha njiani, anayetaka watoto wa kiume na kumwachia mkewe mzigo wote wa nyumba. Mwishowe anaambukizwa UKIMWI. Mkewe, Tunu, anaanza akiwa mtu wa kuvumilia, kisha hatua kwa hatua anasimama: anaanzisha biashara ndogo, anajitegemea, anaachana naye. Fundi Mitindo, mshona nguo, na mkewe Mama Waridi wanabishana kuhusu idadi ya watoto hadi wanafikia uamuzi wa kutumia uzazi wa mpango. Hakuna daktari aliyewahubiria wasikilizaji kila siku. Mambo yaliwafikia kupitia ugomvi wa nyumbani, madeni, wivu na mazungumzo ya wake na waume.

Kuanzia 1993 hadi 1997, kila mwaka, wahojaji waliwafuata watu wapatao 2,750 katika kaya zao, ndani na nje ya Dodoma, na kuwauliza wanachojua, wanachoamini na wanachofanya. Lakini watafiti hawakutegemea majibu hayo peke yake, na hapa ndipo kazi yao inapostahili kusomwa na kila mtu anayependa kupima mambo. Mhojiwa ana adabu. Akigundua kwamba mgeni aliyemtembelea anaupenda mchezo fulani, atausifu. Katika tafiti hizo asilimia 82 ya wasikilizaji walioulizwa walisema mchezo umewafanya wabadili mwenendo wao ili wajikinge na VVU. Takwimu hiyo inapendeza, lakini ikisimama peke yake haithibitishi lolote.

Kwa hiyo watafiti wakaenda kutazama vitu visivyo na adabu: daftari za kliniki na hesabu za bohari. Katika sampuli ya kliniki 21, wastani wa wateja wapya wa uzazi wa mpango uliongezeka kwa asilimia 32 kati ya Juni 1993, mwezi mmoja kabla ya mchezo kuanza, na Desemba 1994. Katika kliniki za Dodoma wastani huo ulibaki karibu palepale. Takwimu za Mpango wa Taifa wa Kudhibiti UKIMWI zilionyesha kwamba katika mwaka wa kwanza wa mchezo, usambazaji wa kondomu katika maeneo ya matangazo ulipanda kwa asilimia 153, na Dodoma ulipanda kwa asilimia 16. Tazama takwimu hiyo ya mwisho kwa makini. Bila Dodoma, mtu angeweza kudai kwamba ongezeko lote lilitokana na mchezo. Dodoma inatwambia kwamba hata pasipo mchezo kitu kilikuwa kinasogea, na inatuonyesha kilisogea kwa kiasi gani.

Msomaji mkali atauliza: je, Dodoma si sehemu yenye tabia zake? Pengine ingebaki nyuma kwa sababu nyingine kabisa, kama ukame au uchache wa zahanati. Hoja hiyo ni ya haki, na eneo moja la ulinganisho ni dhaifu kuliko maeneo mengi. Jibu lilikuja Septemba 1995, mchezo ulipoanza kurushwa Dodoma pia. Katika miaka miwili ya kwanza, kiwango cha wanawake walioolewa wanaotumia uzazi wa mpango kilikuwa kimepanda kwa pointi 10 za asilimia katika maeneo ya matangazo, huku Dodoma kikibaki hapohapo. Mchezo ulipoingia Dodoma, nako kikapanda, kwa pointi 16. Jambo lililotokea mara mbili, katika sehemu mbili na nyakati mbili, kila mara baada ya mchezo kufika, ni vigumu kulisukumia kwenye bahati.

Kuna swali jingine, zito kuliko la takwimu. Je, ilikuwa halali kuwanyima watu wa Dodoma habari zinazoweza kuokoa maisha, tena katika miaka ambayo UKIMWI ulikuwa unazika vijana kila kijiji? Naamini swali hili halipaswi kupitwa haraka. La kukumbuka ni kwamba mwaka 1993 hakuna aliyejua kama mchezo utasaidia, na huduma za kliniki hazikuondolewa kwa yeyote. Lakini baada ya matokeo ya kwanza kuonekana, kila mwezi wa kusubiri ulikuwa na gharama yake. Mtafiti anayeacha eneo nje ana deni la kulirudia, na tarehe ya kulilipa iwe imeandikwa kabla ya kazi kuanza.

Basi redio ilifanyaje kazi hiyo? Uchambuzi ulionyesha mambo mawili yaliyotangulia mabadiliko. La kwanza ni imani ya mtu kwamba anaweza. Wasikilizaji walizidi kuamini kwamba ukubwa wa familia yao au usalama wao dhidi ya VVU ni jambo lililo mikononi mwao. La pili ni mazungumzo. Waliosikiliza walizungumza zaidi na wenzi wao na marafiki zao kuhusu uzazi wa mpango na UKIMWI, na waliozungumza ndio walioelekea kutenda. Kisa cha Tunu kilimpa mke njia ya kulianzisha jambo ambalo asingeweza kulianzisha kwa jina lake mwenyewe. Angeweza kumtaja Mkwaju, na kila mtu nyumbani akaelewa.

Ugunduzi huu una wazee wake. Mwaka 1940, Paul Lazarsfeld na wenzake walifuatilia wapiga kura 600 wa wilaya ya Erie, jimbo la Ohio, kuanzia Mei hadi Novemba, wakitegemea kuona redio na magazeti yakigeuza kura katika uchaguzi wa rais wa Marekani. Waligeuka wachache. Wengi walipoulizwa nini kimewashawishi waliwataja watu: jirani, ndugu, mwenzao wa kazini ambaye ndiye husoma na kusikiliza kisha huwasimulia wengine. Tangu hapo watafiti wamejua kwamba mara nyingi habari husafiri kwa hatua mbili, kutoka chombo hadi kwa mtu anayeaminika, na kutoka kwake hadi kwa wengine.

Tanzania nayo ilikuwa imelitambua hilo kwa vitendo kabla ya Mkwaju. Kampeni ya Mtu ni Afya ya mwaka 1973 haikuwaacha watu wasikilize kila mmoja peke yake. Viongozi wa vikundi wapatao 75,000 walifunzwa, na watu wazima wapatao milioni mbili wakakusanyika vijijini kusikiliza redio, kujadili malaria, kuhara damu na minyoo, kisha kuamua cha kufanya: kuchimba vyoo, kufyeka vichaka, kuchemsha maji. Mjadala ulikuwa sehemu ya kipindi tangu mwanzo.

Ushahidi wenye uzito zaidi umetoka Rwanda. Nchi ambayo mwaka 1994 ilisikia redio RTLM ikichochea mauaji, mwaka 2004 ilianza kusikia Musekeweya, mchezo wa redio kuhusu vijiji viwili vinavyogombana na kutafuta amani. Mwanasaikolojia Elizabeth Levy Paluck aliwapanga watu wapatao 480 kutoka jamii 12. Baadhi ya vikundi vilisikiliza mchezo huo kwa mwaka mzima, na vingine vilisikiliza mchezo wa afya. Matokeo, yaliyochapishwa mwaka 2009, yaliwashangaza wengi. Imani za watu moyoni hazikubadilika sana. Kilichobadilika ni fikra zao kuhusu jambo gani linakubalika katika jamii, na mwenendo wao. Mwishoni kila jamii ilipewa redio moja na kaseti. Vikundi vya mchezo wa afya vilielekea kumkabidhi kiongozi wa eneo vitu hivyo. Vikundi vya Musekeweya vilijadiliana, vikabishana, vikakubaliana kuvitunza kwa pamoja. Kuusikiliza mchezo huo pamoja kulikuwa kumewafunza kwamba kubishana bila kugombana kunawezekana.

Leo jaribio la Dodoma haliwezi kurudiwa lilivyokuwa. Vituo vya redio ni vingi, simu iko mkononi, na kipindi kikizuiwa masafa ya eneo moja kitafika kwa intaneti. Hilo lisiwe kisingizio cha kuacha kupima. Kampeni nyingi za afya, kilimo na uchaguzi bado zinaripoti mafanikio kwa kuhesabu matangazo yaliyorushwa, mabango yaliyotundikwa na watu waliobonyeza kitufe cha kupenda. Hizo ni hesabu za alichofanya mtangazaji. Hazisemi lolote kuhusu alichofanya msikilizaji.

Njia ya haki ipo, na mara nyingi haiongezi gharama kubwa. Fedha na watu havitoshi kuanza kila wilaya siku moja, kwa hiyo kampeni nyingi huenea kwa awamu hata kama hakuna mtafiti. Mpangilio wa awamu uamuliwe kwa bahati nasibu badala ya upendeleo, hali ipimwe kila mahali kabla ya siku ya kwanza, na wilaya zinazosubiri zitatufundisha nguvu ya kampeni bila kunyimwa kitu, kwa kuwa zamu yao itafika. Daftari za zahanati zisomwe sambamba na majibu ya dodoso. Na katika kila dodoso liwepo swali moja ambalo Dodoma na Rwanda zimetuonyesha thamani yake: baada ya kusikia, ulizungumza na nani? Kampeni isiyoweza kujibu swali hilo imetumia fedha za umma bila kujua kama imewafikia wenye fedha hizo.