Kuonja Kabla ya Kununua: Utangulizi wa Somo Linaloanzia Tabora

Somo hili linahusu jambo linalomkuta kila anayekwenda sokoni: kuna vitu ambavyo ubora wake haujulikani mpaka vitumike, na havitumiki mpaka vilipiwe. Gemu za runinga ni mfano ulio wazi. Ganda la diski lina picha ya kuvutia na bei imebandikwa, lakini utamu wa mchezo haujulikani kwa kusimuliwa. Kampuni zenye mashine za PlayStation na Xbox zimekuja na jibu lao: jiunge kwa malipo ya kila mwezi, nawe utapewa saa chache za kucheza gemu mpya kabla ya kuamua kama utainunua. Jibu hilo lina mantiki yake, na tutalichambua. Ila ni moja kati ya mengi. Wafanyabiashara wa misafara iliyopita Tabora katika karne ya 19 walikuwa na majibu yao, na vijana wa Tabora ya leo wana la kwao. Mimi nayapima yote kwa swali moja, nami nakuomba ulishike kuanzia hapa hadi mwisho: hasara ya kutojua inamwangukia nani?

Tuanze na misingi. Mwaka 1962 mchumi Mmarekani Kenneth Arrow alieleza kwamba maarifa ni bidhaa yenye ugumu wa pekee. Mnunuzi hawezi kuijua thamani yake mpaka aelezwe, na akishaelezwa, ameipata bila kulipa. Mwaka 1970 zikatoka makala mbili ambazo mpaka leo ndizo nguzo za somo hili. Phillip Nelson aligawa bidhaa katika mafungu mawili: zile unazoweza kuzikagua kwa macho kabla ya kununua, kama kitambaa au kiti, na zile zinazojulikana kwa kutumiwa tu. George Akerlof, aliyekuja kushiriki Tuzo ya Nobel mwaka 2001, alichukua mfano wa magari yaliyotumika. Muuzaji anajua gari lake lina ugonjwa gani, mnunuzi hajui. Kwa hiyo mnunuzi anatoa bei ya wastani kwa kila gari, mwenye gari zima anaona anapunjika na kuondoka, na sokoni yanabaki mabovu. Waswahili hatukuhitaji makala kulijua hilo, maana ndiko kuuziwa mbuzi kwenye gunia. Mchango wa Akerlof ni kuonyesha kwamba gunia likishazoeleka, hata wenye mbuzi wanono huacha kuwaleta sokoni.

Hapo methali yetu moja inahitaji kuangaliwa upya. Husemwa kwamba chema chajiuza, kibaya chajitembeza. Kwa bidhaa za kukaguliwa kwa macho, ni kweli tupu. Kwa bidhaa za kutumiwa, chema nacho hakina budi kujitembeza, kwa kuwa uzuri wake umefichika kama ulivyofichika ubaya wa mwenzake. Kuonjesha ndiyo njia ya chema kujitembeza. Mwenye kitu kibovu huogopa kuonjesha, kwa hiyo tendo lenyewe la kuruhusu watu waonje ni ushahidi, hata kabla hawajaonja.

Tazama asali ya Tabora. Mkoa huu umezungukwa na misitu ya miombo, na asali yake inajulikana nchi nzima. Chupa zimepangwa mezani, nyingine nyeusi, nyingine rangi ya chai. Jicho halisaidii sana, maana iliyochanganywa na maji ya sukari inaweza kung'aa vilevile. Muuzaji anafungua kifuniko, anadondosha tone mgongoni mwa mkono wako, unalamba. Tone hilo halimpunguzii kitu, nawe limekuambia habari za chupa nzima. Hili ndilo jaribio bora kabisa: la bei ndogo na la kweli. Gemu haikubali jambo hilo kirahisi. Saa tano za kuonja gemu ya hadithi inayomalizika kwa saa kumi ni nusu ya bidhaa yenyewe, na huenda aliyeshiba nusu asirudi kununua. Saa tano za gemu ya mpira, ambayo watu huicheza mwaka mzima, ni tone tu. Kwa hiyo swali la kiasi gani cha kuonjesha halina jibu moja kwa bidhaa zote, na kulichunguza ni sehemu kubwa ya kazi ya somo hili.

Sasa turudi nyuma, tushike njia ya misafara. Wasafiri Waingereza Richard Burton na John Speke walitoka pwani Juni 1857 wakafika Kazeh, ndani ya eneo la Tabora ya leo, tarehe 7 Novemba. Hapo palikuwa njia panda: magharibi kwenda Ujiji, kaskazini kwenda Karagwe na Buganda, kusini kuelekea Ufipa na kwingineko. Mali ya kwenda bara ilikuwa nguo za merikani na kaniki, nyaya za shaba, na shanga. Burton alitaja aina zipatazo 400 za shanga. Hapa ndipo tatizo letu lilipokuwa zito, kwa sababu kila nchi ilikuwa na shanga yake. Msafiri Henry Morton Stanley, aliyenunua mali yake Unguja mwaka 1871, aliandika kwamba shanga nyeusi za bubu zilipita Ugogo lakini hazikuwa na thamani kwingineko, samesame nyekundu zilipendwa Unyamwezi, na Ujiji walithamini sungomazi. Mfanyabiashara alinunua Unguja, akafunga mizigo, akatembea miezi mitatu au zaidi, ndipo ajue kama alichokibeba ni mali au ni uzito wa bure. Kuonja hakukuwezekana, kwa kuwa mlaji alikuwa mbali kwa miezi.

Wafanyabiashara walilitatua vipi? Waliuliza misafara iliyokuwa ikirudi. Waliwategemea Wanyamwezi, ambao walipeleka pembe za ndovu pwani kwa misafara yao wenyewe tangu mwanzoni mwa karne ile na waliijua njia kuliko wageni. Waliweka watu na ghala Tabora, ili mizigo ipangwe upya kulingana na habari za mbele. Na walikopa. Taria Topan, tajiri wa Kihindi wa Unguja, alimkopesha mfanyabiashara wa misafara Hamed bin Muhammed, yaani Tippu Tip, na kwa kukopesha akachukua sehemu ya hatari ya safari. Lakini angalia chini kabisa ya mnyororo. Wapagazi walipewa posho yao kwa nguo na shanga, wakanunulie chakula vijijini. Shanga zikikataliwa, tajiri alipata hasara katika daftari, mpagazi alilala njaa. Kosa lilifanyika dukani Unguja, na aliyelilipia ni mtu ambaye hakuulizwa. Njia hiyohiyo ilipitisha watu waliofanywa bidhaa, wakakaguliwa miili na wanunuzi kabla ya kutolewa bei. Msomi wa ukaguzi wa bidhaa asilisahau hilo, kwani kukagua kunampa nguvu anayekagua, na nguvu hiyo imewahi kutumika kwa unyama.

Turudi kwenye gemu. Tarehe 10 Desemba 1993 kampuni ya id Software ilitoa gemu ya Doom kwa namna hii: sehemu ya kwanza ilisambazwa bure, na aliyetaka zilizobaki alilipa. Lilikuwa tone la asali lililokatwa vizuri. Miaka hiyo pia diski za kuonjeshea ziliambatana na magazeti ya gemu. Agosti 2014 kampuni ya Electronic Arts ilianzisha uanachama wa EA Access, ambapo mwanachama alicheza gemu mpya hadi saa 10 kabla ya kununua. Uanachama wa Xbox Game Pass ukaanza Juni 2017, na Juni 2022 Sony, wenye PlayStation, ikapanga upya uanachama wake wa PlayStation Plus, ikaweka majaribio ya saa chache katika daraja la juu kabisa. Miongoni mwa gemu za kwanza kuonjeshwa hapo ilikuwamo Cyberpunk 2077. Hiyo ilitoka Desemba 2020 ikiwa na hitilafu nyingi kwenye mashine za kizazi kilichotangulia, mpaka Sony ikaiondoa dukani kwake ndani ya siku chache na kurudisha fedha za wateja. Ilipokuja kuonjeshwa mwaka 2022 ilikuwa imekwisha kurekebishwa sana. Yaani jaribio lilikuja wakati bidhaa inaweza kujisimamia. Aliyehitaji kuonja ni yule wa Desemba 2020, na yeye hakupewa tone.

Hapo hapo tuulize bei ya hicho kinachoitwa bure. Mwanachama amelipa ada ya mwezi ili apate ruhusa ya kuonja. Kwa kawaida anapakua gemu nzima, na gemu kubwa za leo huzidi gigabaiti 50, nyingine 100. Kwa mtu anayeishi kwa bando la intaneti, kuonja kunaweza kumgharimu kuliko anavyodhani. Tena ada hujirudia yenyewe mwezi hadi mwezi. Wachumi Stefano DellaVigna na Ulrike Malmendier walichapisha mwaka 2006 utafiti juu ya wanachama wa kumbi za mazoezi nchini Marekani. Waliojiunga kwa ada ya mwezi ya zaidi ya dola 70 walihudhuria wastani wa mara 4.3 kwa mwezi, hivyo kila hudhurio liliwagharimu zaidi ya dola 17, ilhali wangeweza kulipa dola 10 kwa kila siku waliyokwenda. Watu hununua mwezi kwa matumaini, kisha huutumia kwa uvivu. Uanachama wa gemu unastahili kuchunguzwa kwa jicho hilohilo.

Kuna suala la mipaka pia. Duka la mtandaoni la PlayStation lina orodha ya nchi linazozihudumia. Oman imo, Tanzania haimo. Mswahili wa Maskati anaweza kujiunga na kuonja kwa jina na anwani yake, ndugu yake wa Tabora analazimika kufungua akaunti kwa anwani ya nchi nyingine na kununua kadi za salio kwa watu wa kati. Mei 2024 dunia iliona uzito wa jambo hilo, pale Sony ilipotangaza kuwa wachezaji wa Helldivers 2 kwenye kompyuta lazima wafungue akaunti ya PlayStation. Gemu ikaondolewa sokoni katika nchi zaidi ya 170 zisizo na huduma hiyo. Wachezaji walilalamika, na ndani ya siku chache sharti likafutwa.

Kijana wa Tabora anaonjaje, basi? Anakwenda banda la gemu. Ni chumba kidogo cha barabarani chenye runinga mbili tatu, benchi, na pedi ambazo raba zake zimelika kwa vidole. Unalipa shilingi mia chache kwa mechi moja au kwa dakika. Aliyefungwa anapisha, aliyeshinda anabaki. Wanaosubiri wanatazama, na kutazama ni bure, kwa hiyo kabla hujashika pedi umekwisha kuona gemu ikichezwa na wazuri na wabovu. Mwenye banda ndiye aliyenunua mashine na gemu. Gemu isipopendwa, hasara ni yake, nawe umepoteza bei ya mechi moja. Kwa lugha ya somo letu, banda linaiondoa hatari kwa wengi wasioimudu na kuiweka kwa mmoja anayeweza kuigawanya kwa wateja wengi. Ndiyo ile kulipa kwa kila hudhurio ambayo wanachama wa kumbi za mazoezi waliiacha wakapunjika.

Nisilipambe banda kupita kiasi. Linaonjesha vizuri gemu za mechi fupi, mpira na ngumi, lakini gemu ya hadithi ndefu hufa njaa humo, kwa kuwa dakika zinahesabiwa. Ladha ya vijana wengi inajengwa na kipimo hicho. Tena, enzi za PlayStation 2, mabanda mengi ya Afrika Mashariki yalichezesha nakala za diski zisizo na ruhusa, hivyo mtunzi wa gemu hakuambulia kitu. Hasara ilihama kwa mchezaji ikamwangukia mtunzi wa mbali. Swali letu halimpendelei mtu: linawauliza wenye banda kama linavyoziuliza kampuni kubwa.

Kazi iliyo mbele ni kubwa, na sehemu yake iliyo tamu zaidi iko wazi kwa mwanafunzi wa hapa. Mengi yaliyoandikwa kuhusu kuonja kabla ya kununua yametokana na takwimu za kampuni na wateja wenye kadi za benki. Maisha ya malipo ya kabla, ya umeme wa LUKU, ya vocha na bando, ya kununua kwa vipimo vidogo, hayajapewa nafasi yanayostahili, ingawa ndimo mamilioni wanamoamua nini cha kununua. Hakuna maabara nzuri zaidi ya kuchunguza bei ya dakika kumi za furaha kuliko banda la gemu la mtaani.

Ukitaka kuanza, anza hivi. Soma makala za Arrow, Nelson na Akerlof, kisha Burton na Stanley kwa jicho la mfanyabiashara badala ya mpenda safari. Halafu keti kwenye benchi la banda lililo karibu nawe kwa ridhaa ya mwenyewe, uandike: gemu gani inachezwa, nani analipa, nani anatazama, ipi imenunuliwa na haiguswi. Zungumza na mwenye banda namna anavyochagua gemu mpya, maana yeye ndiye mrithi wa wale waliochagua shanga Unguja. Na kila utakapoona neno bure, iwe kwenye kioo cha mashine au kwenye meza ya sokoni, uliza hasara ya kutojua imewekwa kwa nani. Ukipata jibu lenye ushahidi, liandike kwa Kiswahili, tulisome sote.