Katuni kwa Kikabyle: Utangulizi

Anayetaka kuchunguza filamu za katuni zilizotiwa sauti za Kikabyle, namshauri aanze na kaseti za Mohya. Abdallah Mohia (1950–2004), maarufu kwa jina hilo, aliishi Paris akiwachukua wahusika wa Molière, Beckett na Pirandello na kuwafanya watu wa milima ya Kabylie, kaskazini mwa Algeria. Tamthilia zake zilirekodiwa, zikanakiliwa, zikapita mkono kwa mkono. Katuni hakuzigusa, lakini kwangu yeye ndiye baba wa fani hii.

Siasa nazo zina sehemu yake. Machi 1980, serikali ilipiga marufuku mhadhara wa mwandishi Mouloud Mammeri huko Tizi Ouzou, mji wa Kabylie, kuhusu mashairi ya kale ya Kikabyle. Mwezi uliofuata maandamano yakapamba moto. Tamazight, jina la jumla la Kikabyle na ndugu zake, ikawa lugha ya taifa mwaka 2002 na lugha rasmi mwaka 2016. Mtoto wa Tizi Ouzou kwa muda mrefu alizoea katuni za Kifaransa au Kiarabu sanifu, huku bibi yake akimsimulia ngano kwa Kikabyle.

Ndipo wakaja kina Samir Aït Belkacem, wakazitia katuni sauti za Kikabyle. Alvin and the Chipmunks ikawa Li Mučuču, na wahusika wakaanza kutaniana kama vijana wa kijiji kimoja. Wapo wanaolalamika kwamba maneno ya filamu ya awali yamepotea. Yamepotea kweli, na ndiyo raha yake: huu ni utunzi uliopanda juu ya picha za wengine. (Hakimiliki ni mjadala mwingine, tena mzito.)

Tazama midomo. Herufi b ya Kikabyle kwa kawaida hulegea: midomo hukaribiana bila kugusana, pumzi ikapenya katikati. Hukaza inapotanguliwa na m. Kwa hiyo mhusika akifumba mdomo kwa p au b ya Kiingereza, si kila b ya Kikabyle itamkaa; mwandishi makini huwinda neno lenye m. Bahati nzuri mdomo wa katuni umechorwa kijuujuu, na mzaha ukikolea mtazamaji husamehe.

Mwanafunzi mgeni achukue dakika mbili tu za filamu. Kwanza asikilize bila picha, aandike kila neno. Kisha azime sauti, ahesabu mdomo unafumba mara ngapi, ndipo alinganishe.